Mwaka wa Vinywele na Mikia

Daktari Lukas tumemzika Masasi mwezi uliopita, na baada ya mazishi watu walikaa kwenye mikeka wakila wali na mbaazi huku wakimsifia. Mmoja alisifia mkono wake mwepesi wa sindano, mwingine alisema hakuwahi kumfokea mgonjwa hata siku moja. Mimi nilikuwa na sahani mapajani natafuta neno la kusema, lakini kila nililolikumbuka halikufaa kusemwa mbele ya chakula. Nilikumbuka makohozi. Nilikumbuka kinyesi chenye uso. Nilikumbuka chupa ndogo ya mafuta ya nazi ambayo haikuwa na mafuta ya nazi. Mama mmoja jirani yangu akaniuliza, "Na wewe ulifanya naye kazi, eti? Hebu tusimulie." Nikamwambia, "Mama, maliza kula kwanza." Alimaliza, nami sikusimulia. Nimeona bora niandike, maana karatasi haina tumbo la kuchafuka.

Ulikuwa mwaka wa ruksa, kama tulivyokuwa tukisema. Maduka ya Newala, ambayo utotoni mwangu yalikuwa na chumvi, viberiti na muuzaji anayesinzia, sasa yalikuwa na sabuni za rangi tatu na mitumba iliyotundikwa mpaka mlangoni. Wanunuzi binafsi wa korosho walianza kupanda uwanda wetu wa juu na malori yao. Na watu waliostaafu serikalini waliruhusiwa kufungua vya kwao. Daktari Lukas, aliyesoma shule ya Chidya na kuwa tabibu miaka mingi, alifungua zahanati ya vyumba viwili, ukuta wa katikati wa mbao, na juu ya meza ya chumba cha nyuma akaweka hadubini yake, imefunikwa kitambaa cheupe kama bibi harusi. Mimi nilikuwa na miaka kumi na saba, shule imenishinda kidato cha pili, lakini ndoto hazikunishinda. Niliota nimevaa gauni jeupe la unesi, nimemwekea mgonjwa mkono kwenye paji la uso, naye ananiambia, "Ahsante, sista, nimepona." Katika ndoto ile hakuna mgonjwa aliyekuwa na harufu.

Siku ya kwanza nilikabidhiwa kinyesi. Kilikuja kwenye kiberiti, kimefungwa kwa uzi wa mgomba, na mwenyewe alikileta kwa heshima zote, "Shikamoo Daktari, nimekuja na ule mzigo." Daktari alipaka kidogo kwenye kioo, akatazama, akatabasamu. "Zena, njoo umwone mgeni." Niliinama. Ndani ya ule mwanga palikuwa na kitu chenye umbo la pea, kinayumbayumba, na kina macho mawili yananitazama. Nilirudi nyuma nikagonga kabati. "Ananitazama!" "Hatazami," alisema Daktari. "Hayo si macho, ni viini viwili vya seli. Wewe tazama nyuzi zake. Ziko nyuzi nyembamba nyuma na pembeni, ndizo zinazomwogelesha. Zinaitwa flajela. Kama mjeledi, lakini wa kujichapia maji." Nilizitazama nyuzi kwa uangalifu mkubwa, nikatoka nje, nikatapika kwenye shina la mpapai. Niliporudi, Daktari alikuwa ameshika kiberiti cha pili.

Nilikuwa nakaa kwa dada yangu Somoe, kwenye barabara ya Makote. Nyumba ilikuwa ya vyumba vitatu na sebule yenye viti viwili vya mvule, na uani kulikuwa na shimo la maji ya mvua, limesakafiwa na kufunikwa bati, kama nyumba nyingi za juu kule ambako mto uko bondeni na miguu ni yako. Mume wa Somoe, shemeji yangu Shaibu, alikuwa mtu mpole kuliko watu wote niliowahi kuwaona, na kusema kweli alikuwa anatia kinyaa. Alikohoa akila, alikohoa akiswali, alikohoa akicheka. Pua yake haikukauka. Sikio la kushoto lilitoa maji. Kando ya kiti chake lilikaa kopo la mafuta ya kupikia lenye majivu ndani, na humo ndimo alimotemea, kohozi zito la kijani lililovutika kabla ya kukatika. Nilijifunza kukaa upande wa upepo. Nilijifunza kumega ugali upande wa mbali wa sinia na kutazama mlango ninapotafuna. Somoe hakuwahi kutazama mlango. Alilichukua lile kopo kila asubuhi, akalimwaga nyuma ya nyumba na kulijaza majivu mapya, huku akiimba.

Miaka sita ya ndoa, hawakuwa na mtoto. Kwetu mtu huitwa kwa mwanawe: Mama Hamisi, Baba Rukia. Dada yangu waliendelea kumwita Somoe, kama msichana anayetumwa dukani. Au walimwita vingine. Wifi yake mmoja akifika hapo alipiga hodi kwa sauti ya watu wote kusikia: "Hodi kwa Mama Kopo!" Wenzake wakicheka aliongeza, "Si ndicho kitu pekee anachobeba?" Mama mkwe, Mama Shaibu, hakuwa na matusi. Yeye alileta mizizi. Aliitwanga mwenyewe, akaichemsha, akakaa kizingitini kuhakikisha imenywewa. Somoe alikunywa, akaenda nyuma, nikasikia inavyorudi. "Inasafisha," alisema Mama Shaibu, "tumbo lililoziba lazima lisafishwe." Mwaka huo alikuwa ameamua. Korosho zikishauzwa, Shaibu angeletewa mke mwingine kutoka Nanganga, ameshatazamwa, mama yake amezaa kumi. Na Somoe? "Akitaka atakaa amsaidie mwenzake kulea," alisema, kwa upole wa mtu anayegawa nyama. Dada alikuwa na msimu mmoja tu mbele yake, baada ya hapo angekuwa yaya ndani ya nyumba yake.

Siku moja Daktari aliniagiza maji ya kunywa ya nyumbani. Nikachota shimoni. Chini ya hadubini alipita kitu kama alama ya kandambili, kimeota vinywele pande zote, na vinywele vile vilikuwa vinapiga kwa zamu, mawimbi mawimbi, kama shamba la mpunga linapopitiwa na upepo. Hivyo, alisema, ni silia. Ni ndugu na ile mijeledi, ila ni vifupi na vingi. Mdudu huyo hutembea navyo na hukombea navyo chakula mpaka mdomoni. Nilirudi nyumbani mbio. "Dada, tunakunywa kandambili zenye nywele!" Somoe alinitazama. "Nilidhani maji yetu yana ladha kwa sababu ya bati." Nikamwambia tuyachemshe. "Kuni utaleta wewe, sista?" Nikaleta.

Kesho yake nikamwambia Daktari kwamba wadudu wenye nywele wanachukiza, afadhali sisi. Akasema, "Hata wewe unavyo." Nikajishika mikono. "Si huko. Ndani. Koo lako la hewa limetandikwa vinywele kama vile vile kuanzia ndani ya mapafu. Juu yake pana ute. Vumbi likiingia linanasa kwenye ute, na vinywele vinausukuma ute kwenda juu, vyote kwa pamoja, usiku na mchana, umelala au uko macho." "Kwenda juu wapi?" "Kooni." "Halafu?" "Halafu unameza." Alisema hivyo huku akimenya ng'oko la kuchemsha, akalichovya kwenye chumvi na pilipili, akaninyooshea nusu. Ming'oko, viazi vya porini vya kwetu, ndiyo chakula nilichokipenda kuliko vyote duniani. Nilisema nimeshiba.

Ukafika msimu wa salfa. Asiyejua mikorosho afahamu kwamba ikianza kutoa maua hushikwa na ukungu mweupe unaokausha maua, na dawa yake miaka ile ilikuwa unga wa njano wa salfa, unaopulizwa na mashine ya kubeba mgongoni. Wanaume waliamka mapema wakati majani yana umande, wakapuliza, wingu la njano likapanda juu ya mikorosho na kushuka juu ya sufuria, nguo na watoto. Kila kitu kilinuka yai viza. Newala nzima ilikohoa. Ukiingia msikitini unasikia kikohozi, ukipita kanisani unasikia kikohozi. Na kila mtu alipomsikia Shaibu alisema, "Salfa hiyo, pole," na Shaibu alijibu, "Salfa, ndugu yangu." Daktari alinieleza kwamba vumbi kali kama hilo hulemea vile vinywele, ndiyo maana watu wanalazimika kukohoa ili kusukuma kwa nguvu kile ambacho vinywele vimeshindwa kukipandisha. Basi. Maua yakafunga, mashine zikarudishwa stoo, kikohozi cha watu kikaisha. Cha Shaibu hakikuisha. Nilikuwa nimekaa mbele ya sinia, natazama mlango kama kawaida, ndipo nikagundua kwamba kimya kimetanda mji mzima na kikohozi kilichobaki ni kimoja.

"Shemeji," nikasema, "njoo Daktari akusikilize."

"Salfa tu hiyo, Zena."

"Salfa imeisha. Watu wote wamepona."

Aliteremsha tonge. "Mama anasema nilianza kukohoa kabla sijajua kukaa."

"Wakati huo salfa ilikuwepo?"

Akafikiri. Somoe naye akaacha kutafuna. "Haikuwepo," akasema Shaibu, polepole. "Salfa imekuja juzi juzi tu, nimeshaoa."

Alikuja. Kohozi lake nililipaka kwenye kioo mimi mwenyewe, nimebana pumzi mpaka nikaona nyota. Kifua kikuu hakikuonekana, wala mara ya pili wala ya tatu. Daktari alichukua kifaa chake cha kusikilizia akakiweka kwenye kifua upande wa kushoto. Akakisogeza. Akakisogeza tena. Akakiweka kulia, akafumba macho. "Shaibu, nani alikwambia moyo uuweke huku?" Shaibu alicheka akidhani ni mzaha, akakohoa. Daktari hakucheka. "Una watoto?" "Sijajaliwa. Mke wangu ana tatizo." "Nani alimpima?" Daktari alinituma nikanunue spiriti, duka la mbali, nikajua natolewa.

Siku mbili baadaye niliikuta mezani chupa ndogo ya mafuta ya nazi, ile niliyoiosha mwenyewe nyumbani asubuhi iliyopita kwa kuwa Shaibu aliniomba chupa safi. Daktari alikuwa ameshatazama. "Njoo ujifunze," akasema, bila kusema ni ya nani. Harufu yake sitaiandika. Niliinamisha jicho. Nilikuwa nimesikia kwamba mbegu za mwanamume zina mkia, kila mbegu mkia mmoja, nao ni flajela, na kwamba zinaogelea kama viluwiluwi wanaokimbilia maji. Hizi hazikukimbilia popote. Zilikuwa nyingi, zimelala, mikia imenyooka, kama viluwiluwi kwenye dimbwi lililokauka. Nilisubiri hata mmoja ujipinde. Nilijikuta nazihurumia, nikaziambia moyoni, jamani chezeni kidogo. Hazikucheza. Daktari akanishika bega. "Unachokiona humu kinakaa humu. Hata kama unaijua chupa."

Alipomwita Shaibu kumweleza nilikuwa chumba cha pili naosha vioo, na ukuta ule wa mbao haukuficha kitu. Nilichungulia pia, sisemi uongo. Daktari alikuwa amechomoa chelewa za ufagio. Alizipanga mbili mbili, jozi tisa kwa duara, na mbili peke yake katikati, akafunga uzi upande wa chini. "Ukikata mkia wa mbegu yako, au kinywele cha kifuani kwako, ndani utakuta hivi hivi. Mafundi ni tofauti, ramani ni moja. Sasa tazama." Alishika jozi moja akaisukuma juu kidogo ikaparuza jirani yake, na kwa kuwa chini zimefungwa, mzigo wote ukapinda. Akavuta, ukanyooka. "Hivyo ndivyo unavyopiga. Kila jozi ina vimikono vinavyoshika jirani na kumsukuma. Nadhani wewe umezaliwa bila vile vimikono. Siwezi kuapa, kwa kuona vimikono inatakiwa hadubini kubwa ambayo hata Masasi hawana. Lakini kifua hakijisafishi, mbegu haziogelei, moyo uko kulia. Nilisoma habari zake katika kitabu walichoacha madaktari wageni. Mtoto akiwa bado tumboni, vinywele vya namna hiyo ndivyo vinavyosukuma maji kuonyesha upande gani ukae moyo. Visipopiga, moyo unakaa popote."

Nikasikia sauti ya Shaibu: "Kwa hiyo Somoe..."

"Somoe sijampima. Lakini hata angekuwa na rutuba ya mabonde yote ya Ruvuma, kwa mbegu hizi asingeshika mimba."

"Dawa?"

"Ya mikia hakuna. Kifua tutakisaidia. Ulale kichwa kikiwa chini, upigwe mgongoni kila asubuhi, ukipata homa uje haraka. Usipulize salfa tena."

Niliamini atakwenda moja kwa moja kumwambia mkewe. Nilitembea nyuma yake barabara nzima nimefurahi, nikiona kabisa Somoe akiangusha kikombe cha mizizi. Tulifika, akakaa, akatemea kopo. Somoe akamuuliza, "Daktari kasemaje?" Akasema, "Nisipulize salfa." Wiki ile yote Somoe alikunywa mizizi, na Shaibu alimtazama akinywa. Sikuwahi kuchukizwa na kitu kama nilivyochukizwa na ukimya ule. Makohozi yake nilikuwa nimeanza kuyaelewa. Yalikuwa ute uliokosa wa kuupandisha. Lakini huu mwingine, wa mtu mpole anayemwacha mkewe atapike kwa ajili yake, sikuwa na kioo cha kuupaka. Nilimpiga mgongoni kila asubuhi kama Daktari alivyoagiza, na nakiri nilipiga kwa nguvu kuliko nilivyoagizwa.

Siku ya kuchambua korosho majirani walijaa uani, wanaume kwa wanawake, wakitenganisha nzuri na mbovu kabla ya lori la mnunuzi. Mabibo yaliyooza yalinuka mpaka machoni, nzi wakaimba. Mama Shaibu alifika na wifi mtu, akatangaza bila kushusha sauti kwamba wakwe wa Nanganga watakuja Ijumaa. Somoe aliendelea kuchambua. Mikono yake tu ndiyo iliyoongeza kasi. Ndipo Shaibu aliposimama, akasema, "Mama, njoo ndani. Somoe, njoo." Mimi nilijiita mwenyewe.

Sebuleni alifungua vifungo vya shati. "Mama, weka mkono hapa." Mama Shaibu akaweka kulia, akaurudisha upesi kama aliyegusa nyoka. Shaibu akamwambia yote, vinywele, mikia, chelewa, akichanganya na kukohoa, na hakumtazama mama yake alipokuwa akisema, alimtazama Somoe. Somoe alikaa kwenye kiti taratibu kama mtu aliyetua ndoo. Mama Shaibu akajifunga khanga upya. Halafu akasema, kwa ile sauti yake ya kugawa nyama:

"Basi Nanganga hawatakuja. Somoe mwanangu, utakaa, hakuna wa kukusumbua tena. Ila neno hili lisitoke mlango huu. Watu waendelee kujua wanavyojua. Mwanamke huzoea kusemwa. Mwanamume akisemwa hivi anakufa."

Somoe alikuwa anamtazama mumewe tu, na nilielewa kwamba anasubiri, na kwamba hatasubiri mara mbili. Shaibu alibeba kopo lake, akatoka nje.

"Jamani," akasema pale uani. Watu wakainua vichwa. "Mgumba wa nyumba hii ni mimi. Nimepimwa. Anayetaka kumwita mke wangu Mama Kopo, kopo ni langu hili, aje alibebe yeye." Akaliweka chini katikati yao, likiwa limejaa. Kisha mzee mmoja akatikisa kichwa, akasema kwa huzuni ya kweli, "Ndiyo salfa hiyo. Imeshuka mpaka chini." Na wanaume wote, pale pale, wakayatazama mapaja yao.

Daktari aliwaeleza baadaye mara nyingi kwamba siyo salfa. Hawakusikia. Msimu uliofuata wapulizaji walijifunga vitambaa puani kwa mara ya kwanza, jambo ambalo Daktari alikuwa ameliomba miaka yote, na wengine, Mungu anisamehe, walijifunga na kiunoni.

Lakini siku iliyofuata ile ya korosho ndiyo ninayoiona mpaka leo. Mama Shaibu alikuja asubuhi, peke yake, akasimama uani. Somoe alikuwa anamenya muhogo. Mkubwa akifika mdogo huamkia. Hata mtoto anayenyonya anajua. Mama Shaibu akasimama akingoja shikamoo yake. Kisu kikaendelea, ganda likishuka refu, jeupe kwa ndani. Mimi mdomo wangu mwepesi, nikasema, "Shikamoo, Mama." "Marahaba," akanijibu, macho yako kwa dada. Somoe akamaliza muhogo ule, akachukua mwingine. Jua likapanda kidogo. Yule mama alihamisha mguu, akahamisha mwingine.

"Mmeamkaje hapa?" akasema hatimaye, yeye kwanza.

Somoe akaosha mikono, akaikausha kwenye khanga bila haraka. "Tumeamka salama, Mama Shaibu," akasema, kama anavyoitwa na wenye rika lake. Akasogeza kigoda kwa mguu. "Kaa. Menya."

Akakaa, akamenya.